Na Wewe, Unamdai Nini?

Mjomba alipokea samansi siku ya Jumanne, akaikunja mara mbili, akaiweka juu ya friji pamoja na risiti za umeme. Ilikuwa mwaka 2020. Hati ya madai iliyoambatanishwa ilikuwa na kurasa sita za Kiingereza. Mjomba alimaliza darasa la saba na kujifunza useremala kwa fundi mmoja pale Morogoro. Katika kurasa zile alielewa mambo mawili tu: jina lake na tarakimu. Shilingi milioni 35.

Deni lenyewe hakulikataa. Mfanyabiashara mmoja alikuwa amemtangulizia milioni 35 ili atengeneze milango, vitanda na makabati ya lodge yake ya pili. Mjomba hakuianza kazi, kwa sababu mteja huyohuyo alikuwa hajammalizia milioni 22 za lodge ya kwanza. Fedha za utangulizi zilishaingia kwenye mishahara ya vijana na mbao za kazi nyingine, kama fedha za karakana zinavyoingia. "Anipe changu, nimpe chake," ndiyo kauli aliyokuwa nayo. Kwa hesabu ya mtu yeyote wa sokoni, ugomvi ule ulikuwa wa milioni 13.

Siku ya kumi na tisa binti yake aliisoma samansi akamwambia kwamba ana siku 21 za kujibu. Mjomba alikwenda kwa kijana mmoja mwenye duka la steshenari karibu na mahakama, ambaye huchapa barua, mikataba na hati za talaka kwa bei moja. Kijana alimwandikia ukurasa mmoja: mdaiwa anayakana madai yote, mdai athibitishe. Habari ya milioni 22 haikuwemo. Mjomba aliona haina haja. Hiyo angemwambia hakimu mwenyewe, uso kwa uso, akiwa na daftari lake.

Siku ya kusema ilikuja miezi mingi baadaye. Usuluhishi ulikuwa umeshindikana na mahakama ilikwisha kuorodhesha hoja za kuamuliwa: je, mdaiwa alipokea fedha, je, alifanya kazi, nafuu gani wapewe wahusika. Mjomba alipofungua daftari, hakimu alimsikiliza kwa upole, kisha akamweleza kwamba hilo ni dai jingine, na halimo katika utetezi wake. Ndipo alipotafuta wakili. Wakili aliomba ruhusa ya kurekebisha utetezi ili aingize madai kinzani. Maombi yalikataliwa: hoja zimeshapangwa, ucheleweshaji hauna maelezo ya kutosha, na mdaiwa bado anaweza kufungua kesi yake mwenyewe.

Hukumu ilikuwa milioni 35. Mjomba aliuza mashine ya randa na kiwanja cha Kihonda. Kisha alifungua kesi yake, akashinda, akapewa hukumu ya milioni 22. Lakini wakati huo lodge zote mbili zilikuwa zimekwenda kwa wadai wengine, na mwenye nazo hakuwa na mali ya kukamata. Hukumu hiyo nayo ipo juu ya friji.

Nasoma shahada ya uzamili ya historia, si ya sheria. Nilianza kuifuatilia kanuni hii kwa hasira. Nilikuwa na hakika kwamba ni masalia ya kikoloni, na kwamba nikiivuta uzi nitaikuta ofisi fulani ya mzungu iliyoamua kwamba maseremala wasisikilizwe. Nilichokuta ni kirefu zaidi ya hapo, na sehemu yake kubwa ni habari ya watu waliopigania mtu kama mjomba aweze kusema, "Na mimi ninamdai."

Ushahidi wa zamani nilioupenda kuliko wote unatoka Roma. Katika karne ya 2, mwalimu wa sheria aitwaye Gaius aliandika kitabu cha kufundishia wanafunzi. Kitabu hicho kilipotea kwa karne nyingi, hadi mwaka 1816 kilipoonekana katika maktaba ya Verona, kwenye ngozi iliyokuwa imefutwa na kuandikwa upya barua za Mtakatifu Jerome. Chini ya barua hizo, katika maandishi yaliyofifia, Gaius anaeleza kanuni iliyowahusu wenye benki. Mwenye benki akimshtaki mteja wake, lazima kwanza atoe kile ambacho yeye mwenyewe anadaiwa na mteja huyo, na adai baki tu. Kama anamdai mteja elfu ishirini, naye anadaiwa na mteja elfu kumi, basi adai kumi. Akizidisha hata sarafu moja juu ya baki, anapoteza kesi yote.

Nilisoma sehemu hiyo mara mbili. Kwa kanuni ya Gaius, mwenye wajibu wa kukumbuka milioni 22 angekuwa mdai mwenyewe, kabla hajafika mahakamani, wala mjomba asingehitaji kufungua daftari. Sababu yake inaeleweka: mwenye benki ndiye anayetunza vitabu vya hesabu, na haifai mtu mwenye vitabu akajifanya amesahau ukurasa mmoja. Lakini kanuni hiyo haikumhusu kila mdai. Ilikuwa ya wenye benki peke yao, na madai yenyewe yalipaswa kuwa ya aina moja: fedha kwa fedha, nafaka kwa nafaka.

Mwaka 531 mfalme Justinian alipanua mlango. Alitamka kwamba madeni ya pande mbili yanakatana kwa nguvu ya sheria yenyewe. Papo hapo akaweka sharti: deni la mdaiwa liwe wazi, lisilohitaji uchunguzi mrefu. Alikuwa ameona, kama mahakimu wa zama zote walivyoona, kwamba mtu anayedaiwa kihalali anaweza kuzua deni la upande wa pili ili kesi isifike mwisho. Kwa hiyo mambo mawili ninayoyasikia katika uamuzi wa kesi ya mjomba yalishakuwepo pale karibu miaka 1,500 iliyopita: ni dhuluma kumlazimisha mtu alipe kwa mkono mmoja kile anachopaswa kupokea kwa mkono mwingine, na ni dhuluma pia kumzungusha mwenye haki yake kwa madai yanayozuka kila wiki.

Uingereza, ambako sheria zetu nyingi zimepitia, ilichelewa sana kulijua jambo hili. Katika mahakama zake za kawaida kila kesi ilikuwa na dai moja na jibu moja. Kama unamdai anayekudai, lipa kwanza, kisha fungua kesi yako. Kauli hiyo inaonekana ya kistaarabu mpaka ukumbuke kwamba wakati huo deni lilimpeleka mtu gerezani, na mdai aliweza kumkamatisha mdaiwa hata kabla ya hukumu. Mtu angeweza kukaa ndani kwa ajili ya pauni 20, huku aliyemfunga akiwa anadaiwa naye pauni 18, au 25.

Mwaka 1729 kamati ya Bunge chini ya James Oglethorpe ilichunguza magereza ya London, yakiwemo Fleet na Marshalsea, na ikakuta wadaiwa wakiteswa na kufa njaa mikononi mwa wakuu wa magereza walioyaendesha kama biashara. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha sheria ya kuwapa nafuu wadaiwa, na ndani yake likatia kifungu kifupi: pale ambapo watu wawili wanadaiana, deni moja linaweza kuwekwa dhidi ya jingine. Mwaka 1735 kifungu hicho kilifanywa cha kudumu. Yaani kukatana madeni kuliingia katika sheria ya Kiingereza kupitia mlango wa gereza, kama njia ya kupunguza idadi ya watu waliofungwa kwa fedha ambazo, ukipiga hesabu vizuri, hawakudaiwa.

Bado ilikuwa ngao, haikuwa mkuki. Ilihusu madeni ya kiasi kinachojulikana tu. Tena, kama unadaiwa 35 na wewe unadai 50, mahakama ingesema hudaiwi kitu, lakini isingekupa zile 15. Mkuki ulikuja na sheria ya mwaka 1873 iliyoziunganisha mahakama kuu za Uingereza, na iliyoanza kutumika Novemba 1875. Sasa mdaiwa aliweza kuleta dai lolote dhidi ya mdai, hata la fidia, ndani ya kesi ileile, na akapewa hukumu yake akishinda. Hapo ndipo madai kinzani kama tunavyoyajua yalipozaliwa. Jaji naye alipewa uwezo wa kuyatenga yakionekana kuivuruga au kuichelewesha kesi ya kwanza.

Hapa ndipo historia inapofika pwani yetu, na inafika kwa kupitia India. Waingereza waliwatungia Wahindi sheria ya mwenendo wa madai mwaka 1859, wakaiandika upya mwaka 1877, 1882 na 1908. Sheria hizo zilisafiri na monsuni kama nguo na mchele. Zanzibar ya miaka ya 1880 ilikuwa na mahakama ya konseli wa Kiingereza iliyotumia sheria za India, na rufaa zake zilivuka bahari kwenda Mahakama Kuu ya Bombay. Mwaka 1897 sheria za India zilitangazwa kutumika katika eneo ambalo leo ni Kenya. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, mwaka 1920, ilikuwa zamu ya Tanganyika. Sheria ya India ya mwaka 1908 ndiyo iliyoongoza kesi za madai huku hadi Bunge letu lilipotunga sheria yake mwaka 1966. Hata baada ya hapo mifupa ilibaki ileile. Ukifungua sheria ya India na ya Tanzania ukaziweka sambamba, Amri ya Nane katika zote mbili ndiyo inayohusu utetezi wa maandishi.

Sasa lipo jambo lililonishangaza. Sheria ya India ya mwaka 1908 ilitungwa miaka 33 baada ya Waingereza kujipatia madai kinzani kwao. Hata hivyo, katika Amri ya Nane waliyoipeleka India, na kutoka India kuileta huku, kulikuwa na kanuni ya kukatana madeni tu. Ngao ilipakiwa melini, mkuki ukabaki London. Majaji wa India walilazimika kubuni njia. Mwaka 1963 Mahakama ya Juu ya India ilikubali kwamba madai kinzani yaliyoletwa ndani ya utetezi yanaweza kuchukuliwa kana kwamba ni hati ya kesi nyingine. Bunge la India liliweka kanuni kamili mwaka 1976, ikaanza kutumika tarehe 1 Februari 1977.

Kanuni hiyo mpya ilisema madai kinzani yanaweza kuhusu jambo lililotokea kabla au baada ya kesi kufunguliwa, ili mradi liwe limetokea kabla mdaiwa hajaleta utetezi wake au kabla muda wa kuleta utetezi haujaisha. Inaeleza jambo liwe limetokea lini. Haisemi hati yenyewe iletwe lini. Katika pengo hilo dogo mawakili wa India waliishi kwa miaka 40. Wapo walioleta madai kinzani baada ya utetezi, wapo walioleta baada ya mashahidi kuanza, na kila mahakama ilikuwa na jibu lake.

Novemba 2019 swali hilo lilifika mbele ya majaji watatu wa Mahakama ya Juu. Kesi yenyewe ilihusu mkataba wa kuuza mali. Mdaiwa alikuwa ameleta utetezi, kisha miezi kadhaa baadaye akaleta madai kinzani. Jaji N. V. Ramana, akiandika kwa niaba yake na mwenzake mmoja, alisema kuchelewa peke yake hakuyaui madai kinzani. Mahakama ipime: amechelewa kiasi gani na kwa nini, je dai lenyewe bado liko ndani ya ukomo wa muda, je linafanana na kesi iliyopo, gharama ya kufungua kesi mpya ni ipi, na upande wa pili utaumia vipi. Lakini aliweka ukuta: mahakama ikishaorodhesha hoja za kuamuliwa, mlango umefungwa. Jaji wa tatu, M. M. Shantanagoudar, alikubaliana na matokeo ila akaacha ufa. Katika mazingira ya kipekee, alisema, mlango uweze kufunguliwa hadi pale ushahidi wa mdai unapoanza kurekodiwa.

Niliposoma uamuzi huo niliona kesi ya mjomba, kana kwamba majaji watatu wa New Delhi walikuwa wamekaa Morogoro. Hoja zilishapangwa. Kwa kipimo cha majaji wawili, hakimu wetu alikuwa sahihi. Kwa kipimo cha jaji wa tatu, huenda mjomba angepata nafasi, kama angeweza kueleza kwa nini alichelewa. Na maelezo yake yangekuwa yapi? Kwamba alidhani mahakama inasikiliza kwanza na kuandika baadaye, wakati mahakama huandika kwanza ndipo ikasikiliza.

Sheria ya Tanzania yenyewe, hasa baada ya marekebisho ya mwaka 2019, inabana zaidi. Mdaiwa ana siku 21 tangu apokee samansi. Anaweza kuomba kuongezewa muda kabla siku hizo hazijaisha, au ndani ya siku saba baada ya kuisha, akionyesha sababu ya msingi. Na nyongeza yenyewe ni siku kumi. Madai kinzani, kwa kanuni ya 9 ya Amri ya Nane, yanakaa ndani ya utetezi huohuo. Ukileta utetezi mtupu, umetumia nafasi yako, na kilichobaki ni kuomba ruhusa ya kurekebisha, au kufungua kesi mpya. Kwa mkataba, kesi mpya inawezekana ndani ya miaka sita.

Kwa haki, yapo mataifa yaliyo makali kuliko sisi. Katika mahakama za shirikisho za Marekani, tangu kanuni za mwaka 1938, dai la mdaiwa linalotokana na tukio lilelile ni la lazima. Usipolileta kwa wakati wake unaweza usilisikie tena maisha yako yote. Kwetu mjomba aliachiwa njia ya pili, naye aliipita. Sikuweza kusema kwamba alinyimwa haki yake ya kudai.

Lakini kila aliyehangaika na jambo hili tangu Roma alijua kile ambacho njia ya pili inakificha. Kesi mbili haziwi sawa na kesi moja iliyogawanywa katikati. Kati ya hukumu ya kwanza na ya pili kuna muda, na katika muda huo mtu hufilisika, huhama, hufa. Anayelipa leo ili alipwe kesho kutwa anamkopesha mpinzani wake bila kutaka. Ndiyo maana ya kukatana madeni kuwepo. Kwa hiyo kanuni inaposema "umechelewa, fungua kesi yako," inatoa uamuzi mwingine chini kwa chini: inaamua nani abebe hatari ya huyo mwingine kuishiwa. Kwa mjomba, hatari hiyo ilikuwa milioni 22, mashine ya randa na kiwanja.

Sidhani tena kwamba ukuta wenyewe ndio ubaya. Nimekaa kwenye benchi za mahakama nikiandaa utafiti wangu, nikaona mama mjane akirudishwa nyumbani mara ya tano kwa sababu mdaiwa wake ameleta hati nyingine jana jioni. Yeye naye ana haki ya kuona mwisho. Ninachokiona ni kwamba mlango wenye saa ya kufungwa lazima uwe na bango, na bango lisomeke. Februari 2021 Bunge lilirekebisha sheria na Kiswahili kikawa lugha ya sheria na ya mahakama. Hati ya mjomba ilikuwa imeshafika mwaka mmoja kabla, kwa Kiingereza. Lakini hata ingekuja kwa Kiswahili, ingemwambia ajibu ndani ya siku 21. Isingemwambia kwamba kujibu maana yake ni kueleza pia anachodai. Sentensi moja ingetosha. Gaius aliona inafaa kuuweka wajibu huo kwa mwenye vitabu. Sisi tumeuweka kwa mwenye daftari, na hatukumwambia.

Pasaka iliyopita nilikwenda Morogoro. Nilimkuta mjomba karakanani, pale ilipokuwa mashine ya randa sasa kuna benchi la vijana wanaopiga msasa kwa mkono. Nilimwamkia, akaitikia, akaniuliza kama nimeshamaliza "hiyo shule ya kesi za watu." Kabla sijajibu aliingia jirani yake, mwenye duka la vifaa vya ujenzi, na karatasi mkononi. Alikuwa ameshtakiwa na mtu aliyemuuzia saruji, na alikuja tu kulalamika.

Mjomba alifuta mikono, akaichukua karatasi, akaitafuta tarehe.

"Umeipokea lini?"

"Juzi."

"Na wewe, unamdai nini?"

Jirani alifikiri kidogo. Mifuko arobaini ilikuja imeganda, alisema, na hakurudishiwa fedha, lakini hiyo ni habari nyingine.

"Kaa chini," mjomba alimwambia, akamtuma kijana alete daftari na kalamu.